Jinsi ya Kutembezwa Magofu ya Kale ya Pemba

Magofu ya kale ya Pemba hayajielezi yenyewe. Aliyezoea Ngome Kongwe ya Mji Mkongwe, ambako kuta zimesimama na minara inaonekana tangu Forodhani, anaweza kufika Pujini akaona matuta ya udongo, vipande vya ukuta na vichaka, akapiga picha moja na kurudi Chake Chake akiamini kwamba hapana cha kutazama. Ndiyo maana mtembezaji anahitajika. Hata hivyo, mtembezaji hodari naye hawezi kumfaa mgeni asiyejua la kuuliza, na kwa sababu hiyo maelezo haya yanamhusu zaidi yule anayeongozwa, awe mwalimu anayepeleka wanafunzi wake, familia iliyovuka kutoka Unguja, au mtu aliyetoka Bara kwa mapumziko.

Kuchagua mahali

Usijaribu kuyaona yote kwa siku moja. Mahali pamoja kwa asubuhi nzima panatosha, na anayetaka mawili achague yaliyo upande mmoja wa kisiwa.

Ras Mkumbuu iko kwenye ncha ya rasi nyembamba inayoingia baharini magharibi ya Chake Chake. Hapo pana gofu la msikiti mkubwa na makaburi ya mawe, baadhi yakiwa na nguzo zilizosimamishwa juu yake, kama yale yanayoonekana katika miji mingi ya kale ya mwambao. Mwanaakiolojia James Kirkman alichimba hapo katika miaka ya 1950, na tangu wakati huo mjadala umeendelea kuhusu kama huu ndio mji ulioitwa Qanbalu, alioutaja Al-Masudi, msafiri na mwandishi wa Kiarabu, baada ya kusafiri katika bahari hii mwaka 916, akieleza kwamba waliishi humo Waislamu waliosema lugha ya Zanji, yaani ya watu wa mwambao huu. Wapo wataalamu wanaokubali na wapo wanaoutafuta mji huo kwingine. Mwulize mtembezaji wako yeye anasimama upande gani na kwa hoja ipi. Jibu lake litakuonyesha mapema kama ana elimu ya mahali hapo au amekariri tu.

Pujini, kusini-mashariki ya Chake Chake, hufikika kwa gari na kwa hiyo inawafaa wenye watoto na wazee. Ni boma lililozungushiwa kuta na matuta, la karne ya 15, ambalo simulizi zinalihusisha na mtawala aitwaye Mkama Ndume. Nitalirudia hapo chini, kwa kuwa kwa maoni yangu ndipo mahali panapofundisha zaidi kuliko pengine popote kisiwani.

Kaskazini, karibu na Tumbe, yapo magofu ya Chwaka, ambayo wenyeji huyaita pia ya Haruni, kwa jina la Harun anayesimuliwa kuwa alikuwa mtoto wa Mkama Ndume. Msikiti mmoja wa hapo huitwa Msikiti Chooko, na simulizi husema kwamba chooko (choroko) zilichanganywa katika chokaa wakati wa kuujenga. Upande wa pili, mkabala na Wete, ni Mtambwe Mkuu. Hapo kilichopo cha kuona ni kidogo na cha kusikia ni kikubwa: mwaka 1984 kikundi cha wanaakiolojia kilichoongozwa na Mark Horton kilikuta sarafu za fedha zaidi ya 2,000, pamoja na dinari chache za dhahabu za Wafatimi wa Misri, zilizofukiwa takriban miaka elfu moja iliyopita. Sarafu hizo za fedha ni ndogo sana, zina majina ya watawala, na maneno ya upande mmoja hufuatana kwa vina na yale ya upande wa pili. Ukienda Mtambwe Mkuu bila kuijua habari hii utakuwa umetembea mikokoni bure.

Asiyeweza kuvuka kwenda Pemba ana pa kuanzia Unguja. Msikiti wa Kizimkazi Dimbani una maandishi ya Kiarabu ya mtindo wa Kikufi yenye tarehe ya mwaka 500 Hijria, sawa na 1107, na ungali unasaliwa. Unguja Ukuu ulikuwa mji wa biashara kabla hata ya hapo, na pango la Kuumbi, upande wa Jambiani, lina alama za watu walioishi humo takriban miaka 20,000 iliyopita, wakati bahari ilipokuwa chini na kisiwa cha Unguja kilipokuwa bado kimeungana na Bara. Mengi ya yatakayosemwa hapa yanafaa huko pia.

Kupanga safari

Anzia Makumbusho ya Pemba, yaliyomo ndani ya ngome ya zamani ya mji wa Chake Chake. Watu wengi huyaacha kwa mwisho na mara nyingi hawayafikii tena. Ni vyema zaidi kwenda huko kabla, kwa sababu aliyekwisha kuona kigae (kipande cha chungu cha kale), shanga na picha ya uchimbaji katika chumba chenye maelezo huvitambua maumbo hayo akiwa porini. Papo hapo unaweza kuuliza utaratibu wa ada, nani ana dhamana ya eneo unalokusudia kwenda, na kama pana kazi ya utafiti inayoendelea.

Mtembezaji anapaswa kuwa na kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii Zanzibar, na si utovu wa adabu kuomba kukiona. Zaidi ya kitambulisho, mwulize mambo mawili kabla ya kukubaliana bei: mara ya mwisho alifika lini katika eneo hilo, na kama atafuatana na mtu wa kijiji cha jirani. Mtembezaji wa mjini anajua tarehe. Mzee wa Ndagoni, iliyo kwenye njia ya Ras Mkumbuu, au wa Pujini anajua kisima kiko wapi, mti upi una nyuki, na ukuta upi ulianguka katika masika iliyopita. Wakiwa wote wawili ziara huwa nzuri zaidi, na gharama ya mtu wa pili ni ndogo ukilinganisha na faida yake. Kundi la wanafunzi, au watu wengi kwa pamoja, lipitie kwa sheha, yaani kiongozi wa serikali wa shehia (mtaa au kijiji) husika, ili apate habari; jambo hilo huondoa maswali ya njiani na mara nyingi huleta na msaada usioutarajia.

Suala la lugha lina uzito wake. Watembezaji wengi wamezoea kuwahudumia wageni wa nje, na maelezo yao yamefupishwa kwa kiasi cha subira ya wageni hao. Mwambie tangu mwanzo kwamba unataka akuhadithie kwa Kiswahili, na kama ni Mpemba, kwa Kipemba chake. Utasikia majina ya sehemu, ya miti na ya watu ambayo hayamo katika maelezo ya kila siku.

Kisha yapo maji. Ziara ya Pujini haihitaji kalenda ya mwezi, lakini ya Ras Mkumbuu kwa mashua na ya Mtambwe Mkuu zinaihitaji. Siku za bamvua, yaani zinazofuata mwezi mwandamo na mwezi mpevu, maji hupwa sana mnamo saa nne au saa tano asubuhi na hujaa tena alasiri, na tofauti ya kina inaweza kukaribia mita nne. Maji yakipwa namna hiyo mashua haikaribii ufukwe wenye maji mafupi, na abiria hulazimika kushuka mbali na kutembea katika matope. Kwa anayekwenda Ras Mkumbuu kwa mashua kutoka Wesha, basi, ni vyema kumwachia nahodha apange saa ya kuondoka na ya kurudi, wala asisukumwe kwa sababu ya chakula cha mchana. Mtambwe Mkuu mambo ni kinyume, kwa kuwa maji yakipwa ndipo panapoungana na nchi kavu, na anayekwenda kwa miguu lazima ajue saa ya kutoka kabla maji hayajarudi.

Njia ya nchi kavu ya Ras Mkumbuu, kupitia Ndagoni, ipo, ila huishia kwa mwendo wa miguu.

Kuhusu majira, masika ya Machi hadi Mei si wakati wake: njia huharibika, na majani huota mpaka yakafunika misingi ya nyumba, ambayo ndiyo unayotaka kuiona. Wakati wa kusi pepo zinaweza kuifanya bahari kuwa ngumu. Siku za kaskazi bahari huwa tulivu zaidi lakini jua ni kali, kwa hiyo anza mapema.

Mavazi na adabu

Vaa viatu vilivyofunika mguu, kwa maana mawe ya matumbawe hukata, na suruali au nguo ndefu, kwa ajili ya miiba na upupu. Nguo ndefu ina sababu nyingine: unapita vijijini kabla ya kufika, na unapofika unaingia katika misikiti na makaburi. Msikiti uliobomoka paa kwa miaka mia tano haujaacha kuwa msikiti machoni pa wenyeji. Usipande juu ya mihirabu (kishubaka cha ukutani kinachoonyesha kibla, yaani upande wa Makka) kwa ajili ya picha, usikae juu ya kaburi, na ukiona vipande vya nguo, chetezo au chupa ya marashi kando ya mti, kaburi au pango, usiviguse, kwani watu bado huja hapo kwa nadhiri na dua zao. Mtu anaweza kuwa na rai yake kuhusu mizimu. Ziara ya magofu si mahali pa kuitoa kwa sauti.

Siku ya Ijumaa maliza mapema. Mwezi wa Ramadhani ziara inawezekana asubuhi, ila maji na chakula visitumiwe mbele ya watu. Kwa wazee utakaowakuta njiani shikamoo inatosha kufungua mazungumzo, na usimpige mtu picha kabla hujamwomba ruhusa.

Kutazama kwa mpango

Ukifika katika eneo lolote lenye msikiti, mwombe mtembezaji aanze hapo, kwa sababu msikiti ni dira. Makka iko karibu kaskazini sawasawa ya Pemba, hivyo mihirabu inaelekea kaskazini, na ukishaijua kibla umeupata mji wote: unajua jua linachomoza upande gani wa nyumba, bahari iko wapi, na kaburi la Kiislamu linapaswa kulala kutoka mashariki kwenda magharibi, maiti akielekezwa uso kibla. Kaburi lisilofuata mpangilio huo, au ukuta uliokwenda mshazari, ni swali la kumwuliza mtembezaji.

Baada ya hapo tazama mawe. Mafundi wa zamani walitumia mawe ya aina mbili. Jiwe la matumbawe lililotolewa baharini likiwa bichi ni laini na huchongeka, kwa hiyo lilitumika kwenye mihirabu, kwenye miimo ya milango na kwenye mapambo. Jiwe gumu la nchi kavu lilivunjwavunjwa na kupangwa katika ukuta kwa chokaa, ambayo nayo ilipatikana kwa kuchoma matumbawe juu ya kuni. Ukiliona jiwe lililochongwa vizuri limelala peke yake katikati ya kifusi, huenda palikuwa na mlango karibu. Tazama na upana wa vyumba. Vingi ni vyembamba, kwa kuwa dari ililazwa juu ya boriti za mikoko, na boriti haina urefu wa kupita chumba kipana. Ndiyo maana misikiti ilihitaji safu za nguzo ndani.

Kwenye makaburi na mihirabu ya mwambao mara nyingi utaona vishimo vya duara katika plasta. Humo mlipachikwa bakuli na sahani za kigeni, za Uchina au za nchi za Ghuba, na nyingi zimeng'olewa na wezi au na wakusanyaji wa zamani. Kishimo kitupu kina ushahidi wake, maana kinaonyesha ukubwa wa chombo na mahali kilipowekwa.

Lakini mawe yanaweza kumpotosha mtazamaji. Idadi kubwa ya watu wa miji hii hawakuishi katika nyumba za mawe hata kidogo, bali katika nyumba za miti na udongo, ambazo hazikuacha ukuta wa kupigia picha. Wanaakiolojia Adria LaViolette na Jeffrey Fleisher, waliochimba Tumbe na Chwaka, walionyesha kwamba Tumbe ilikuwa makazi makubwa ya nyumba za udongo kati ya karne ya 7 na ya 10, kabla Chwaka yenye misikiti ya mawe haijasimama. Tumbe ndiko vilikopatikana kwa wingi vigae vyenye mifuo iliyotokana na kunolea shanga za makombe. Utafiti wa Sarah Walshaw juu ya mabaki ya nafaka umeonyesha kwamba wa Tumbe walitegemea zaidi uwele, na wa Chwaka baadaye wakageukia mpunga. Ukiwa Chwaka, basi, mwombe mtembezaji akuonyeshe pia pale pasipo na kitu, katikati ya mashamba, akuambie nani aliishi hapo. Akishangaa kwa ombi hilo, mweleze sababu, wengi hulifurahia.

Kusikiliza maneno ya aina tatu

Maelezo ya mtembezaji huchanganya mambo matatu: linaloonekana kwa macho, lililopatikana kwa kuchimba, na linalosimuliwa. Yote matatu yana thamani, ila mgeni anayeyachanganya hurudi nyumbani na habari zisizosimama. Pujini ndiyo shule ya jambo hili.

Yanayoonekana Pujini ni matuta, kuta zilizoanguka, ngazi na kisima. Lililopatikana kwa uchimbaji, katika kazi iliyoongozwa na LaViolette, ni pamoja na chumba cha chini ya ardhi ambacho ukuta wake una sanamu ya siwa iliyofinyangwa kwa plasta. Siwa ni baragumu la utawala, kama zile mashuhuri za Pate na Lamu, na kuwapo kwa umbo lake mahali pa siri kama hapo kunazua swali la nini kilifanyika humo. Linalosimuliwa ni kwamba Mkama Ndume alikuwa mkatili kiasi cha kuwalazimisha watu wake kubeba mawe huku wakijiburuza kwa makalio, na kwamba kisima kilijengewa ukuta katikati ili wake zake wawili, walioneana wivu, wasikutane wanapoteka maji.

Mtembezaji atakusimulia habari ya wake wawili kabla ya zote, kwa sababu huchekesha. Icheke, halafu umwulize: ukuta huo wa kisimani unaonekana? Nani mwingine anaisimulia hadithi hii, na wa Chwaka wanaisimulia vilevile? Kuna chochote kilichochimbwa kinachounga mkono au kupinga? Maswali haya hayamvunjii mtu heshima yakiulizwa kwa upole, na simulizi haipungui kwa kuitwa simulizi. Habari ya mawe yaliyobebwa kwa makalio inaeleza namna watu wa Pemba walivyoukumbuka utawala wa boma hilo, jambo ambalo koleo la mchimbaji haliwezi kulifukua.

Tahadhari hiyohiyo itumike kwa majina. Huko Unguja, magofu ya Fukuchani na Mvuleni huitwa nyumba za Wareno, ingawa ujenzi wake ni wa Kiswahili wa karne ya 16. Mtembezaji akisema kwamba jengo fulani ni la Washirazi, la Wareno au la Waarabu, mwulize anayajuaje: kwa namna ya ujenzi, kwa vigae, au kwa jina tu.

Vigae na picha

Katika maeneo yote haya utakanyaga vigae, hasa baada ya mvua au pale wakulima walipolima. Tazama, inama, piga picha, lakini usiokote. Kuondoa vitu vya kale bila kibali ni kosa kisheria, na sababu ya katazo hilo ni rahisi kueleweka: kigae kina habari kikiwa mahali pake, katika tabaka lake na pamoja na majirani zake, na kikishaingia mfukoni kinabaki kipande cha chungu. Watoto waelezwe hili kabla ya kushuka garini, maana baada ya hapo mifuko itakuwa imeshajaa. Ukitaka kulinganisha ukubwa katika picha, weka sarafu ya shilingi kando ya kigae bila kukisogeza.

Usiingie katika chumba cha chini wala usisogee kwenye kinywa cha kisima bila idhini ya mtembezaji. Kuta ambazo mizizi imezipasua zinaweza kuporomoka kwa kuegemewa tu.

Malipo na taarifa

Ada ya kiingilio, iwapo inatozwa, ilipwe kwa stakabadhi. Malipo ya mtembezaji, ya nahodha na ya mtu wa kijijini yakubaliwe kila moja peke yake kabla ya kuondoka, na mtu wa kijijini alipwe mkononi mwake, si kupitia kwa mwingine. Andika uliyosikia siku hiyohiyo, ukitenga simulizi na mengineyo, na utaje ni nani aliyekusimulia iwapo ameridhia kutajwa.

Ukikuta mashimo mapya yaliyochimbwa kiholela, ukuta ulioanguka karibuni, au mawe ya gofu yanayochukuliwa kwa ajili ya ujenzi, piga picha inayoonyesha na sehemu ya jirani, kisha uipeleke kwa ofisi ya Makumbusho na Mambo ya Kale iliyo Chake Chake au kwa sheha. Picha hiyo usiitie mtandaoni pamoja na jina la mahali, kwa sababu wachimbaji wa hazina nao husoma.